Sinia, Kauri na Jicho la Mgeni: Sanaa ya Kichina Kutoka Madaka ya Pwani hadi Soko la Busia

Utangulizi

Mgeni aingiaye soko la Busia upande wa Kenya hupokewa na rangi kabla hajapokewa na mtu. Chupa za chai zilizopambwa kwa maua mekundu zimepangwa juu ya meza. Mabeseni yenye picha za samaki wawili yamepakatana. Mablanketi mazito yenye sura ya simbamarara yametundikwa kwenye kamba. Na vitenge vya kila namna vinapepea kuelekea ng'ambo, Uganda. Hali ni hiyo hiyo Malaba, ambako wachuuzi hupita kando ya malori yanayosubiri kukaguliwa wakiwa wamebeba bidhaa mabegani. Muulize mwuzaji bidhaa hizo zimetoka wapi, naye atajibu kwa neno moja: Uchina. Muulize michoro ile ina maana gani, na aghalabu atacheka na kukujibu, "Ni maua tu, mwanangu."

Makala haya yanakusudia kulichunguza jibu hilo. Je, ni maua tu? Na kama si maua tu, kwa nini sisi tunaoyatazama kila siku tunayaona hivyo? Ili kulijibu swali hili, tutaeleza kwa ufupi jinsi wageni wa zama mbalimbali, wakiwamo Waswahili, Waarabu, Waajemi na Wazungu, walivyoitazama sanaa ya Kichina. Hoja yetu kuu ni kwamba kila kundi la wageni liliona katika sanaa hiyo kile ambacho macho yake yalikuwa yamekwisha kuzoeshwa kukiona. Hoja ya pili, inayotuhusu zaidi sisi wanafunzi wa Kiswahili, ni kwamba lugha yetu imehifadhi ushahidi wa mitazamo hiyo, ingawa sisi wenyewe twapita juu ya ushahidi huo bila kuutambua.

Ushahidi wa Maneno

Tuanze na neno ambalo kila msomaji analijua. Sinia ni chombo kipana cha kupakulia chakula, na hakuna arusi wala matanga ya pwani yasiyokuwa na masinia ya pilau. Neno hili tumelipokea kutoka Kiarabu, siniya, nalo limetokana na jina Sin, yaani Uchina. Kwa hiyo kitu cha "siniya" asili yake ni kitu cha Kichina. Leo sinia ni la bati au la alumini, na huenda halijawahi kukaribia Uchina. Lakini jina lake linasimulia wakati ambapo sahani kubwa na nzuri kuliko zote zilijulikana kwa jina la nchi ilikotoka.

Neno la pili ni kauri. Katika Kiswahili neno hili lina maana mbili: ni gamba dogo jeupe la mnyama wa baharini, na pia ni udongo mweupe unaong'aa uliotengenezewa vikombe na sahani. Anayedhani kuwa maana hizi mbili zimekutana kwa bahati tu atashangaa akisikia kuwa jambo hilo hilo limetokea Ulaya. Jina la vyombo hivyo katika lugha nyingi za huko limetokana na neno la Kiitaliano, porcellana, ambalo nalo lilikuwa jina la gamba hilo hilo la kauri. Watu wa pande mbili za dunia walikitazama chombo cha Kichina, weupe wake na mng'ao wake, wakakifananisha na kitu walichokwisha kukijua. Hii ndiyo hatua ya kwanza ya kila mgeni: hukitazama kipya kwa jicho la cha zamani.

Hapa mpaka wa Busia una mchango wake. Katika Kiganda, lugha inayosikika sana katika maduka ya ng'ambo, fedha huitwa ensimbi, na maana ya asili ya neno hilo ni kauri za baharini, ambazo zilitumika kama fedha katika Buganda na Busoga hadi mwanzoni mwa karne ya 20. Basi kauri gamba ilisafiri kutoka baharini hadi nchi za maziwa, ilhali mabaki mengi ya kauri chombo yamepatikana pwani. Bara lilipata sarafu, pwani ikapata sahani.

Sahani Ukutani na Kaburini

Vyombo vya Kichina viliwafikia Waswahili kwa wingi, hata mwanaakiolojia Mwingereza Mortimer Wheeler, alipozuru pwani ya Tanganyika mwaka 1955, alieleza kuwa historia iliyozikwa ya nchi ile tangu karne ya 10 imeandikwa kwa vigae vya kauri za Kichina. Gedi, karibu na Malindi, ambako James Kirkman alianza kuchimbua mwaka 1948, vilipatikana vigae vingi vya namna hiyo, vikiwamo vya kauri ya kijani kutoka Longquan na vya buluu na nyeupe kutoka Jingdezhen.

La kuzingatia zaidi ni matumizi. Mswahili wa Lamu, Pate au Siyu hakuzila sahani hizo zote wali. Alizipanga katika zidaka, yaani vishubaka vilivyochongwa ukutani, mahali ambapo mgeni aliyeketi sebuleni au ndani angeziona. Kule Mambrui na Kunduchi zilijengewa katika makaburi ya nguzo, zikawa pambo la marehemu. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, katika utenzi wa Al-Inkishafi, alipotaka kuonyesha jinsi fahari ya Pate ilivyoanguka, alitaja madaka yaliyokuwa ya sahani yakigeuka makao ya ndege. Alijua kuwa msomaji wake hahitaji maelezo: nyumba isiyo na sahani ukutani ni nyumba iliyokufa.

Kwa hiyo Mswahili hakuwa mtazamaji mjinga aliyepokea asichokielewa. Alikipa kitu cha Kichina kazi mpya ambayo mfinyanzi wa Jingdezhen hakuikusudia. Hata hivyo, mfinyanzi huyo naye alikuwa akiwasikiliza wanunuzi. Katika karne ya 14, rangi ya buluu ya vyombo vile ilitengenezwa kwa madini yaliyoagizwa kutoka Uajemi, na sahani kubwa kupita kiasi zilifinyangwa kwa ajili ya watu wa Asia ya Magharibi waliokula pamoja kutoka chombo kimoja. Tunachokiita sanaa halisi ya Kichina, basi, kwa sehemu kilikuwa jawabu kwa jicho na tumbo la mgeni. Sinia la pilau lina ukoo mrefu kuliko tunavyodhani.

Msafiri wa Pande Mbili na Twiga wa Malindi

Ibn Battuta, aliyezuru Mombasa na Kilwa mwaka 1331, ni miongoni mwa watu wachache wa zama zake walioandika habari za pwani yetu na pia za Uchina. Anasimulia kuwa hakuna watu waliowapita Wachina katika ustadi wa kuchora. Anaeleza jinsi yeye na wenzake walivyopita katika soko la mji mmoja, na waliporudi wakakuta sura zao zimechorwa kwenye karatasi zilizobandikwa kutani. Kwa maelezo yake, sura za wageni zilichorwa ili mgeni akifanya kosa na kutoroka, picha yake ipelekwe mikoani atafutwe. Msomaji aliyewahi kusimama mbele ya kamera ya afisa wa uhamiaji katika kituo cha pamoja cha mpakani Busia, kilichozinduliwa rasmi Februari 2018, ataelewa mara moja. Ibn Battuta alikwenda kuwatazama Wachina, kumbe Wachina walikuwa wakimtazama yeye.

Waandishi wa Kiislamu walikuwa na kisa kingine mashuhuri kuhusu wachoraji wa Kichina walioshindana na wachoraji wa Kirumi mbele ya mfalme. Kundi moja lilichora ukuta wake kwa rangi za ajabu; kundi la pili lilisugua ukuta wake hadi ukawa kioo, kikaakisi mchoro wa wenzao kwa uzuri ulioshinda mchoro wenyewe. Jambo la kustaajabisha ni kuwa katika maelezo ya Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, Wachina ndio wasuguaji, ilhali kwa mshairi Rumi, wa karne ya 13, Wachina ndio wachoraji. "Mchina" wa kisa hiki hakuwa mtu wa Uchina hasa. Alikuwa mfano wa kufundishia maadili ya moyo, na mfano hugeuzwa apendavyo mwalimu.

Wachina nao walifanya vivyo hivyo walipotuona sisi. Mwaka 1414 twiga alipelekwa kutoka Bengali hadi kwa Mfalme Yongle, na mwaka uliofuata wajumbe wa Malindi wakampeleka mwingine. Zilikuwa zama za Zheng He, aliyeongoza safari 7 za baharini kati ya 1405 na 1433. Wasomi wa ikulu hawakumwona mnyama wa nyika za Afrika. Walimwona qilin, kiumbe wa hadithi zao za kale ambaye hutokea nchi inapotawaliwa kwa haki. Picha ya twiga wa 1414, pamoja na utenzi wa sifa alioutunga Shen Du, ingali inajulikana kwa nakala zake. Twiga amechorwa vizuri, lakini ngozi yake inafanana na magamba, kwani mchoraji alikuwa akimtazama twiga kwa jicho na qilin kwa akili.

Jicho la Ulaya

Wazungu walianza kwa kustaajabu. Kwa karne nyingi hawakujua jinsi kauri ilivyotengenezwa, na kiwanda cha Meissen, Ujerumani, kilichoanzishwa mwaka 1710, kilizaliwa kutokana na jitihada za kuigundua siri hiyo. Katika karne ya 18 majumba yao yalijaa mapambo ya "Kichina" yaliyobuniwa na Wazungu wenyewe. Mfano ulio wazi zaidi ni sahani za buluu zenye mti wa mrebi, daraja na ndege wawili. Mchoro huo ulibuniwa Uingereza mwishoni mwa karne ya 18, na baadaye ukatungiwa hadithi ya mapenzi inayodaiwa kuwa ya kale ya Kichina. Sahani hiyo imeingia katika kabati nyingi duniani ikijulikana kama ya Kichina, ilhali si ya Kichina hata kidogo.

Pamoja na kustaajabu huko palikuwa na kudharau. Mmisionari Matteo Ricci, aliyefariki Beijing mwaka 1610, aliona kuwa Wachina hawakujua rangi za mafuta wala mbinu ya kuonyesha umbali. Mchoraji wa Kichina Zou Yigui, wa karne ya 18, alimjibu bila kumjua: alikiri kuwa picha za Kizungu zinafanana na vitu halisi hata mtu akadhani anaweza kuingia ndani, lakini akazihesabu kuwa kazi za mafundi, kwa kuwa hazina mkono wa kalamu ya brashi. Kila mmoja alimpima mwenzake kwa mizani ya nyumbani kwake. Tofauti ni kuwa katika karne ya 19 mizani ya Ulaya ilibebwa na manowari. Majeshi ya Uingereza na Ufaransa yaliipora ikulu ya Yuanmingyuan mwaka 1860, kisha Waingereza wakaichoma, na vitu vilivyotekwa humo vikawa maonyesho katika majumba ya makumbusho ya waliovichukua.

Mchoro Mrefu kama Foleni ya Malaba

Tujiulize basi: mtu awezaje kuutazama mchoro wa Kichina kwa namna ulivyokusudiwa? Mazingira ya mpakani yanatupatia mfano mwafaka. Hakuna mahali Malaba ambapo mtu anaweza kusimama akaiona foleni yote ya malori kwa mara moja. Ili kuijua, hana budi kutembea kandokando yake: hapa dereva amelala chini ya lori, pale mama anauza chai, mbele kidogo vijana wanabishana juu ya bei ya kubadili shilingi. Kila hatua ina kitovu chake.

Mchoro wa kale wa Kichina wa karatasi ndefu ya kukunjwa unasomwa hivyo hivyo. Mtazamaji huufungua kidogo kidogo kwa mikono yake, kutoka kulia kwenda kushoto. Kazi ya Zhang Zeduan ya karne ya 12, inayoonyesha maisha ya mji wakati wa sikukuu ya Qingming, ina urefu wa zaidi ya mita 5. Ndani yake kuna mto, mashua, daraja lililojaa watu, wachukuzi, mikokoteni, maduka ya chakula, na ngamia wanaopita lango la mji. Haina kitovu kimoja kwa sababu haikukusudiwa kutazamwa na mtu aliyesimama. Karne moja kabla yake, mchoraji Guo Xi alikuwa amekwisha kueleza namna tatu za kuonyesha umbali: kutazama juu kutoka bondeni, kutazama ndani kupitia milima, na kutazama mbele kwenye upeo. Ricci alidhani mbinu haipo. Kumbe ilikuwapo, ila yeye alikuwa amesimama mahali pamoja.

Methali Zisizo na Maneno

Sasa turudi sokoni. Ua lile jekundu la chupa ya chai aghalabu si waridi. Ni ua liitwalo mudan, ambalo kwa Wachina ni ishara ya utajiri na heshima. Samaki wa kwenye beseni nao wana sababu: kwa Kichina neno yu, lenye maana ya samaki, lina sauti sawa na yu lenye maana ya ziada au masazo. Anayempa mwenzake beseni lenye samaki anamwombea nyumba isiyokauka chakula. Kwa njia hiyo hiyo popo, fu, huchorwa kwenye sahani na nguo kwa sababu sauti ya jina lake ni sawa na ya neno baraka. Kwetu popo ni kiumbe wa usiku ambaye hadithi humfanya ndumakuwili, si ndege wala mnyama; mtu wa Busia akimwona kwenye sahani huenda akairudisha dukani. Ama ile alama yenye umbo la madirisha mawili yaliyoshikana, inayoonekana kwenye chupa na viberiti, ni herufi xi, furaha, iliyoandikwa mara mbili. Ni alama ya arusi.

Mwanafunzi wa Kiswahili atatambua mara moja kinachotendeka hapa. Ni jinasi, ule mchezo wa maneno yenye sauti moja na maana mbili, isipokuwa umefanywa kwa picha. Kanga ya Mswahili hubeba picha na maandishi, na aliyevaa huzungumza bila kufungua kinywa. Beseni la Mchina hubeba picha peke yake, na maandishi yamo kichwani mwa anayeijua lugha. Asiyeijua huona maua tu. Wahenga walinena: usilolijua ni kama usiku wa giza.

Hata kitenge kinachouzwa Busia kina safari ya namna hii. Wajava walichora vitambaa vyao kwa nta, na katika baadhi ya miji yao michoro ya mawingu na ndege wa Kichina iliingia humo. Waholanzi wakaiga kwa mashine; kiwanda cha Vlisco kilianzishwa Helmond mwaka 1846. Afrika ikakipenda kitambaa, ikakipa majina na kukifanya chake. Leo viwanda vya Uchina vinaiga kilichoigwa na kukiuza kama nguo ya Kiafrika. Nani basi mwenye mchoro?

"Ya Kichina": Kivumishi Kilichobadilika Maana

Kizazi cha miaka ya 1970 na 1980 kiliiona Uchina kupitia filamu za kung fu, hasa baada ya Enter the Dragon ya Bruce Lee, iliyotoka mwaka 1973. Filamu hizo, ambazo nyingi zilitoka Hong Kong, zilipofika katika vibanda vya video zilipata wasimulizi wetu. Upande wa Kenya, DJ Afro alijulikana kwa kuzisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili na Sheng. Upande wa Uganda, VJ Jingo alizisimulia kwa Kiganda. Mkaazi wa mpakani angeweza kutazama filamu moja mara mbili, akatoka na Uchina mbili tofauti. Mwaka 2011 televisheni ya TBC ya Tanzania ilirusha tamthilia ya Dou Dou na mama wakwe zake kwa Kiswahili, na watazamaji wakashangaa kuona Mchina asiyeruka wala kupiga mateke, bali anayegombana na mkwewe jikoni.

Lakini picha iliyoenea zaidi siku hizi ni ya kitu kisichodumu. "Ya Mchina hiyo," husema mnunuzi, akiitupa bidhaa mezani. Mwishoni mwa Septemba 2012, mamlaka ya mawasiliano ya Kenya ilipozima simu bandia, katika mazungumzo ya kawaida simu hizo ziliitwa za Mchina, hata pale ambapo hakuna aliyejua zilikotengenezwa. Tazama basi mkasa wa lugha yetu. Karne zilizopita tulilipokea jina la Uchina ndani ya neno sinia kama alama ya ubora. Sasa jina hilo hilo limekuwa kivumishi cha ubovu.

Nini kilichobadilika? Si mikono ya mafundi pekee. Wafanyabiashara wa Afrika Mashariki husafiri hadi Guangzhou na Yiwu, na huko hukuta bidhaa za kila daraja. Huchagua ile ambayo mkoba wa mnunuzi wa Busia unaweza kuimudu. Kama vile sahani kubwa za Jingdezhen zilivyofinyangwa kwa kipimo cha mlaji wa mbali, ndivyo simu ya bei ya chini inavyotengenezwa kwa kipimo chetu. Tunapoicheka, kwa sehemu tunaucheka umaskini wetu kwa jina la watu wengine. Hatari ni kwamba neno likishazoea kuwa tusi la bidhaa halikawii kuhamia kwa watu.

Kusema hivyo si kuwakataza watu kuhoji. Msanii wa Nairobi Michael Soi, katika mfululizo wa michoro alioupa jina China Loves Africa, ameuchora uhusiano huu kwa kejeli kali. Mwaka 2015, ilipojulikana kuwa banda la Kenya katika maonyesho ya Venice limejaa kazi za wasanii wa Kichina, wasanii wa Kenya walipaza sauti hadi serikali ikajitenga na banda hilo. Hilo lilikuwa dai la haki: walitaka kujionyesha wenyewe badala ya kuonyeshwa. Soi anamkosoa Mchina aliyemtazama. Anayesema "ya Mchina hiyo" anamkosoa Mchina ambaye hajamtazama kamwe.

Hitimisho

Tumeona kuwa Mswahili alikiona chombo cha Kichina kuwa fahari, mwanazuoni wa Kiislamu akamwona Mchina kuwa mfano wa kufundishia, Mzungu akaiona sanaa yake kwanza kuwa ajabu kisha kuwa upungufu, naye Mchina akamwona twiga wetu kuwa muujiza wa mfalme wake. Hakuna aliyekuwa kipofu, na hakuna aliyeona yote.

Wajibu wa wanafunzi wa Kiswahili, hasa walio karibu na mipaka, ni mwepesi kuutaja na mgumu kuutimiza: kukusanya majina ambayo wauzaji na wanunuzi wa Busia na Malaba huyapa mapambo ya vitenge, mablanketi na vyombo, katika Kiswahili, Kisamia, Kiteso na Kiganda, kabla bidhaa hazijabadilika na majina kusahaulika. Majina ya kanga yamewahi kupata watafiti. Ya beseni bado yanasubiri. Wahenga walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni huyu alikwisha kuja zamani, akaketi ukutani, kisha sokoni. Kupona kwetu kutaanza siku tutakapomuuliza yule mama wa sokoni swali la pili: "Na wewe, mama, maua haya unayaitaje?"